Mkono wa Kila Mgeni

Aliyetoa ng'ombe kumwoa mama yangu alikuwa mwanamke. Ninaanza na hili kwa sababu bila hilo mengine hayataeleweka, na kwa sababu nimechoka kulieleza katikati ya mazungumzo, watu wakiacha kusikiliza habari ya ugonjwa na kuanza kuniuliza habari ya kitanda.

Kwetu, upande wa Butiama, mwanamke asiyepata mtoto wa kiume anaweza kutoa mahari akamwoa binti. Binti atazaa na mwanamume atakayekubalika, na watoto watakuwa wa nyumba ya yule mwanamke. Inaitwa nyumba ntobu. Bibi yangu alizaa mabinti wanne, wote wakaolewa, kisha mume wake akafa na boma likabaki halina mtu. Akamwoa mama. Kwa hiyo mama alimwita yeye mama mkwe, naye bibi akamwita mkamwana, mimi nilimwita bibi, na wale mabinti wanne niliwaita shangazi, ingawa kaka yao, ambaye ndiye angekuwa baba yangu, hakuwahi kuzaliwa.

Nilipokuwa chuo, mwaka wa tatu, niliandika ripoti ya utafiti juu ya mila hii. Niliandika kama mtu anayeeleza watu wa mbali. Mwalimu aliipenda. Lakini hakuna mahali katika kurasa zile nilipoandika jambo ambalo mama alilijua tangu siku ya kwanza: kwamba mkamwana wa nyumba ya namna hiyo anakaa pale kwa neno la mtu mmoja. Mtu huyo akifa, mabinti wanaweza kurudi wakasimama uani na kuuliza, huyu ni nani kwetu?

Bibi alikuwa na presha kwa miaka mingi. Vidonge alivitunza kwenye kopo la majani ya chai, na alivinywa siku kichwa kilipomgonga. Kisipogonga, alisema, dawa itakuwa inatafuta ugonjwa gani mwilini? Jirani akija analalamika kisogo, bibi alifungua kopo akamgawia viwili. Mimi nilijua hayo yote. Likizo moja nilikaa naye uani nikaisoma ile karatasi inayokuja ndani ya boksi la dawa, mstari kwa mstari, nikamtafsiria: kizunguzungu, uchovu, miguu kuvimba. Kisha nikaongeza la kwangu. Nilimwambia dawa ya kunywa mpaka kufa ni biashara nzuri kuliko zote, na mtu mwenye akili lazima aulize nani anafaidika.

Alicheka sana. Mama aliniambia baadaye kwamba bibi alilirudia neno hilo kliniki, mbele ya foleni nzima: mjukuu wangu wa chuo anauliza nani anafaidika. Baada ya hapo sijui alikunywa vidonge vingapi. Ningeweza kuuliza. Ningeweza kulifungua lile kopo nikahesabu. Sikufanya hivyo, kwa sababu nilikuwa nimeshachekesha na nimeshaondoka.

Kiharusi kilimkuta asubuhi, amekaa kwenye kigoda anapepeta ulezi. Mama aliona ungo unainama upande mmoja, ulezi unamwagika, na bibi anautazama tu kama ungo wa mtu mwingine. Mdomo ulikuwa umevutwa kushoto, mkono wa kulia unaning'inia. Majirani walisema ni upepo mbaya umempitia, alazwe, asisogezwe. Mama alisubiri mpaka adhuhuri. Hakusubiri kwa kuamini habari za upepo. Alikuwa anampigia simu shangazi mkubwa, yule aliyeolewa Bunda, na simu haikupokelewa, naye hakuthubutu kumtoa bibi nyumbani kabla mabinti hawajajua. Aliponipigia mimi nilikuwa Musoma, kazini, kwenye duka la steshenari ninakochapa barua za watu. Nilimgombeza kwenye simu mpaka akanyamaza. Nilimuuliza kama amesubiri ruhusa ya kuokoa mtu. Alisema ndiyo, na mimi nikaona ni ujinga.

Hospitali mjini daktari alieleza kwa maneno machache. Mshipa unaopeleka damu upande wa kushoto wa ubongo ulikuwa umeziba, sehemu ile imekaa saa nyingi bila damu, na kilichokufa hakifufuki. Kilichobaki kinaweza kufundishwa. Maneno yalikuwa yamemtoka bibi yote, isipokuwa moja, "ngoja." Alilitumia kwa kila kitu. Ukimsalimia, ngoja. Akiumwa mgongo, ngoja. Mama alilia aliposikia hivyo. Mimi nikamweleza kwamba si bibi anayechagua kusema hivyo, ni ubongo unaotoa neno lililobaki karibu. Nilijisikia vizuri kuweza kulieleza.

Aliyetufundisha kumhudumia alikuwa nesi mmoja mfupi, mwenye umri kama wa mama, asiyependa maneno mengi. Alimkalisha bibi wima, akampa kijiko kimoja cha chai cha maji na kuweka vidole viwili kooni kwake. Bibi akameza. Tukafurahi. Halafu alipotoa sauti, sauti ilikuwa kama ya mtu anayeongea na maji mdomoni, na hakukohoa.

"Hapo ndipo pabaya," nesi alisema. "Angekohoa ningeshukuru."

Alituambia koo nalo ni msuli, na limelegea kama mkono ulivyolegea. Maji yanapita njia ya hewa, yanashuka kwenye mapafu kimya kimya, na baada ya siku mbili au tatu mgonjwa anakufa kwa nimonia huku watu wakisema kiharusi kimemrudia. Kwa siku kadhaa bibi alilishwa kwa mpira uliopitishwa puani. Mpira ulipotolewa, nesi alitupa masharti. Uji mzito unaoshika kwenye kijiko. Akae wima, kidevu kimeinama, apewe kidogo, na usimpe kingine mpaka umeona koo limepanda na kushuka. Maziwa, chai, mchuzi, maji matupu, bado. Na wa kumlisha wawe wawili tu, mama na mimi, kwa sababu ni sisi tuliofundishwa. Alilisema hilo la mwisho mara mbili, akimtazama mama.

Nilimuuliza ana uhakika gani. Nilitaka kujua kama kuna kipimo kinachoonyesha maji yanakwenda wapi. Akasema kipo, lakini si hapa. Nikamwambia kwa hiyo anabahatisha.

"Ninabahatisha, ndiyo," alisema, bila hasira. "Nimebahatisha kwa wengi. Wewe ukitaka uhakika mpe maji, utauona."

Tukamrudisha bibi nyumbani.

Sasa nieleze desturi ambayo nilikulia ndani yake bila kuiona, kama mtu asivyosikia harufu ya nyumba yao. Kwetu mgonjwa haangaliwi kwa macho tu. Unakuja na kitu, mara nyingi maziwa, unaonja wewe mwenyewe mbele ya watu, kisha unamnywesha mgonjwa kwa mkono wako. Hapo umesema huna kinyongo naye na mkono wako hauna kitu. Usipomnywesha, watu watajiuliza kwa nini. Na ukizuiwa kumnywesha, hayo ni matusi, maana aliyekuzuia amekuita mchawi bila kufungua mdomo.

Wiki ya kwanza nilikaa mlangoni kwa bibi. Niliomba ruhusa kazini, nikapewa kwa kununiwa. Kila aliyekuja na chupa ya maziwa nilimpokea, nikampa kiti, nikamweleza habari ya koo na mapafu. Wengine walisikiliza. Wengine walitazama nyuma yangu, kule ndani, kama watu wanaotafuta mkubwa wa kuongea naye. Mzee mmoja jirani, mtu wa utani tangu nikiwa mdogo, alisimama na kibuyu chake na kunitazama toka juu hadi chini.

"Mjukuu, hapa siku hizi ni mpakani Sirari? Tuonyeshe na pasipoti?"

Watu walicheka, na mimi nikacheka. Nikamweleza yote tena. Alisikiliza mpaka mwisho, kisha utani ukamtoka usoni.

"Sawa. Mimi huyu mama nimemjua kabla hujazaliwa wewe na huyo nesi wako. Tulikuwaga tunakula sahani moja kila mavuno. Leo mkono wangu umeota nini?"

Nilimwambia mkono wake hauna tatizo, tatizo ni maziwa. Akasema maziwa ni ya ng'ombe wake, na ng'ombe wake nao hawana tatizo. Nikamkaribisha aingie amshike bibi mkono. Aliingia, akamshika, bibi akamwambia ngoja, naye akaondoka na kibuyu chake kikiwa kimejaa. Mama alikuwa jikoni. Alitoka akamfuata mzee mpaka njiani, nikamwona anainama anapoongea naye, anamwomba radhi. Aliporudi aliniambia nipunguze ukali.

"Wewe utaondoka," alisema.

Nilidhani anasema habari ya kazi yangu mjini.

Bibi alikuwa anapata nafuu, na hili nataka lieleweke. Si nafuu ya kusimulia kanisani. Mguu ulianza kusogea ukiambiwa usogee. Uji mzito aliumeza bila ile sauti ya maji. Wiki ya pili akapata neno la pili, na neno lenyewe lilikuwa "maji." Alilisema akinitazama mimi, kwa sababu mimi ndiye niliyekuwa simpi. Nilichanganya maji na unga kidogo yakawa mazito, nikamlisha kwa kijiko. Akayatema. Akasema maji. Nilimweleza habari ya mapafu kama nilivyowaeleza wageni, na alinitazama kama walivyonitazama wageni.

Ilipofika Ijumaa ya wiki hiyo niliitwa kwenye usaili mjini, kazi ya mkataba wa miezi michache, na mwenye steshenari naye akasema nisipofika Jumamosi nisifike tena. Ningerudi Jumatatu. Kabla ya kuondoka niliandika masharti ya nesi kwenye karatasi kwa herufi kubwa, nikaibandika ukutani juu ya kitanda. Mama alinitazama nikibandika.

"Hii watasoma wangapi?" aliuliza.

Nikamwambia yeye atawasomea.

Jumamosi usiku nilimpigia. Akasema wako salama. Jumapili simu yake haikupatikana, nikadhani ni chaji.

Jumatatu nilipofika, shangazi mkubwa alikuwa uani anafagia, amejifunga kanga kiunoni kama mtu aliyerudi kwao. Alifurahi kuniona. Ni mtu wa sauti kubwa na mikono mikubwa, na sijawahi kumwona ananichukia. Alinilipia ada kidato cha tano bila kuombwa. Aliniambia habari kwa furaha kabisa. Jumapili baada ya misa jumuiya yote ilikuja kusali nyumbani. Ndugu wa bibi wa kuzaliwa nao walifika kutoka Murangi na sato wabichi, wakapikwa mchuzi pale pale. Yeye mwenyewe alikuwa ametoka Bunda alfajiri na lita tano za maziwa.

"Mama jana amekula," alisema. "Wewe ulikuwa unamlisha kama kifaranga. Jana amekunywa kwa mikono ya watu wote, mpaka wadogo zake. Alikohoa kidogo mwanzoni, baadaye akazoea."

Nilimuuliza nani alianza. Nilitaka iwe yeye. Nilikuwa nimeshaandaa maneno.

"Mama yako," alisema. "Alionja, akampa. Na sisi tukafuata."

Nikaingia ndani. Bibi alikuwa amelala chali, mto mmoja, kifua kinapanda na kushuka haraka kama cha mtu aliyekimbia. Mwili ulikuwa wa moto. Kila pumzi ilikuwa na sauti ya kitu kinachochemka chini. Mama alikuwa amekaa miguuni kwake, na karatasi yangu haikuwepo ukutani. Ilikuwa imekunjwa vizuri mara nne na kuwekwa juu ya sanduku, chini ya rozari. Nikatoka kutafuta gari.

Yule nesi ndiye aliyetupokea. Sijui kama alitukumbuka, lakini kwa jinsi alivyouliza naona alikumbuka. Aliuliza amekunywa nini. Nikasema maziwa na mchuzi wa samaki. Akauliza akiwa amekaa au amelala. Sikujua, mama akajibu kwamba mwanzo alikaa, baadaye alichoka wakamlaza. Nesi akaandika. Hakutulaumu, na mimi nilikuwa nimetamani atulaumu, ili nimwonyeshe mama kwa kidole.

Walimwekea hewa ya oksijeni na dripu. Tulikaa kwenye benchi nje ya wadi, mama na mimi, siku ile na siku iliyofuata, tukipokezana kwenda kununua chai. Siku ya pili ndipo nikamuuliza. Niliuliza kwa sauti ya chini kwa sababu kulikuwa na watu, na nikaona namna sauti ya chini inavyofanya neno liwe baya zaidi. Nilimuuliza ilikuwaje.

Alisimulia bila kunitazama. Watu walikuwa wamejaa chumbani na wengine wamesimama dirishani. Yeye alisimama kichwani kwa bibi akawaeleza masharti, kama nilivyomwagiza. Alisoma mpaka ile karatasi. Shangazi akamwacha amalize. Kisha akamuuliza mbele ya jumuiya, kwa upole kabisa: mkamwana, unatufungia mama yetu kwa sababu gani? Unasubiri nini? Ndugu wa Murangi wakaanza kutazamana.

"Nilimwangalia mama," alisema. "Akasema ngoja."

"Alikuwa anakukataza."

"Mama alikuwa anasema ngoja kwa kila kitu. Wewe mwenyewe uliniambia ni ubongo, si yeye."

Mtu alipita na ndoo na dekio, tukainua miguu wote wawili kwa pamoja.

"Ulijua itakuwaje?" nikauliza.

"Nesi alisema mara mbili. Mimi si mjinga."

"Ukampa."

"Nikampa."

Nilitaka aseme alichanganyikiwa. Nilitaka aseme aliogopa, hakufikiri, walimsukuma mkono. Mtu akisema hivyo unajua pa kumweka. Badala yake alinigeukia, na alinieleza kama anayemweleza mtoto mgumu wa kuelewa hesabu.

"Ningewazuia, mama angeishi. Mwezi, mwaka, mimi sijui, na wewe hujui. Siku ya kufa wangesema nilimfungia ndani nikamlisha peke yangu. Nani angebisha? Wewe? Ningetoka pale na begi. Miaka yote hiyo nimelima lile shamba, ningetoka na begi. Ningelala wapi? Kwako mjini, Nyakato, kwenye kitanda chako cha futi tatu na nusu?"

"Ningekutunza."

"Kwa kazi gani?"

Matokeo ya usaili yalikuwa bado hayajatoka, na hayakuwahi kutoka. Hakusema hivyo kunidhalilisha. Aliuliza kweli, akasubiri nijibu, kisha akachukua kikombe cha chai kutoka mkononi mwangu, akanywa kilichobaki.

Nikiwa pale nilijikuta naliuliza lile swali langu, nani anafaidika, na safari hii jibu lilikuwa limekaa pembeni yangu linafuta jasho kwa ncha ya kitenge. Nilimchukia kwa saa nzima. Kisha nikamkumbuka bibi anavyocheka uani na karatasi ya dawa mkononi mwangu, na ule uchungu haukujua tena uelekee kwa nani. Mama alikuwa amemnywesha bibi vijiko vya siku moja akijua. Mimi nilimpa sababu ya kutokunywa dawa, mwaka mzima au zaidi, nikijua pia, au nikiwa na elimu yote ya kunifanya nijue. Tofauti ni kwamba yeye alikuwa anaokoa paa juu ya kichwa chake. Mimi nilikuwa naonyesha akili.

Sijui kama alimwua. Daktari alisema nimonia. Alisema pia kwamba mgonjwa wa kiharusi wa umri ule anaweza kupata nimonia hata akilishwa vizuri, na kwamba kiharusi cha pili kilikuwa kinawezekana wakati wowote kwa presha ile. Yote mawili ni kweli. Nimeyapima mara nyingi nikitafuta moja lizidi jingine.

Bibi alifariki Alhamisi mchana. Mama alikuwa ndani, mimi nilikuwa nje nachaji simu. Shangazi alilia mpaka manesi wakamshika, na aliyemwegemea wakati analia alikuwa mama. Niliona mikono yake mikubwa imemkumbatia mkamwana wa mama yake begani. Sikuwahi kumwona akimgusa kabla ya siku ile.

Kwa kuwa mimi ndiye msomi, na ndiye mwana wa nyumba, niliambiwa niandike wasifu wa marehemu. Nilikwenda steshenari, mwenye duka akaniachia mashine bila kunidai. Niliandika alikozaliwa, alipoolewa, watoto, ng'ombe wake, jumuiya yake. Nilipofika kwenye ugonjwa niliandika kwamba alisumbuliwa na shinikizo la damu kwa miaka mingi, akapata kiharusi, na akafariki kwa nimonia iliyotokana na chakula kuingia kwenye mapafu. Niliiacha sentensi ile kwenye kioo nikaitazama. Ilikuwa sahihi kila neno. Ilikuwa sentensi ya kweli kuliko zote nilizowahi kuandika, kuliko ripoti nzima ya mwaka wa tatu.

Shangazi alikuja kuisoma kabla sijachapa, amevaa miwani ya kusomea inayomfanya aonekane mpole. Alisoma taratibu, anasogeza kidole. Alipofika pale hakukasirika. Nadhani hakuielewa, au alielewa na akili yake ikapita pembeni, kama unavyopita pembeni ya shimo unalolijua.

"Hayo ya mapafu ondoa," alisema, "ni ya daktari. Andika hivi: katika ugonjwa wake alihudumiwa kwa upendo na mkamwana wake, ambaye hakumfungia mtu mlango, na siku zake za mwisho alikula kwa mkono wa kila mtu aliyempenda. Weka hivyo. Watu wajue mama yako ni mtu wa namna gani. Wapo wanaotaka kusema maneno."

"Wakina nani?"

"Wapo," alisema. "Ile nyumba ni yake. Nataka hilo lisikike kaburini, mbele ya wote, asije mtu akamsumbua."

Mikono yangu ilikuwa kwenye vitufe. Nilikuwa na la kusema. Ningeweza kumweleza shangazi pale pale, dukani, watu wawili wakisubiri nakala za vitambulisho, kwamba ni lita zake tano, ni mchuzi wa wajomba zake. Ningeweza pia kumweleza kwamba mama alijua. Angeondoka na lipi katika hayo mawili? Nilijua angeondoka na la pili. Yeyote angeondoka na la pili.

Nikafuta. Nikaandika alivyosema, nikarekebisha tu mpangilio wa maneno ili isomeke vizuri, na nikatoa nakala.

Siku ya mazishi mama alikaa kwenye mkeka wa mabinti. Hakukaa pembeni na wakamwana wengine wa ukoo, wala jikoni, alikozoea kuwa msiba ukitokea. Shangazi alimvutia kando yake kwa mkono. Nikaitwa kusoma. Nilisoma kwa sauti, taratibu, kama inavyotakiwa, ninatua kwenye nukta. Mama alinitazama tangu mstari wa kwanza, na nilijua anachosubiri, kwa sababu sikuwa nimemwambia nimeandika nini. Nilipofika kwenye ile sentensi ya shangazi niliinua macho. Yule mzee wa kibuyu alikuwa mbele kabisa, ameegemea fimbo, anatikisa kichwa kukubali.

Nikaisoma yote. Watu wakaitikia, na mama akainamisha kichwa, akajifunika kanga usoni.